Shimo la Mlango Mmoja

Wahenga walisema ajali haina kinga, na neno hilo hutamkwa matangani ili kumpoza mfiwa. Kwa mfiwa ni neno jema. Kinywani mwa mwenye mali lina hatari, na hatari hiyo ilidhihirika Hartley, katika jimbo la Northumberland, kaskazini ya Uingereza.

Mgodi wa makaa ya mawe wa huko, ulioanza kuchimbwa 1845, ulikuwa na shimo moja tu. Humo walishuka watu, humo yalipanda makaa, humo maji yalivutwa kwa mtambo wa mvuke. Na kiambaza cha mbao kililigawa shimo ili hewa safi ishuke upande mmoja na chafu ipande upande wa pili. Shimo la pili lingekula fedha. Asubuhi ya tarehe 16 Januari 1862, wakati wa kupokezana zamu, boriti ya chuma ya mtambo, yenye uzito wa zaidi ya tani 40, ilikatika. Nusu yake ilitumbukia, ikabomoa kiambaza na kuziba njia. Zamu zote mbili zilikuwa chini. Waokoaji walifukua kwa siku sita, wakakuta hewa ya sumu imekwisha kazi yake: baba na wana wamelala pamoja, na katika daftari la mmoja wao imeandikwa kuwa walikutana kusali humo gizani. Waliokufa walikuwa 204.

Uchunguzi wa vifo ulitamka kuwa ni ajali, na kweli hakuna sheria iliyovunjwa. Je, asiyevunja sheria ametakasika? Mtetezi atasema hakuna aliyejua kuwa chuma kitakatika. Sawa, lakini insafu haimtaki mtu ajue siku. Inamtaka ajue kwamba chuma hukatika, kisha ajiulize kikikatika nani atakuwa chini yake. Hesabu ya gharama ilipigwa na watu wa juu; watu wa chini hawakuulizwa. Husemwa pia kwamba mchimbaji alishuka kwa hiari yake. Hiari gani hiyo, ikiwa migodi mingi ya jirani nayo ilikuwa ya shimo moja, na nyumbani watoto wanangoja mkate?

Agosti ya mwaka ule ule Bunge likaamuru kila mgodi uwe na njia mbili za kutokea, ile ya zamani ikipewa muhula. Lililokuwa ghali Januari likawezekana kabla mwaka haujaisha, na boriti haikuwa imebadilika bei.

Wengi wao wamezikwa Earsdon, chini ya mnara wenye majina yao.