Nani Ana Haki ya Kubadili Katiba?



Watu wengi hufikiri ya kuwa katiba ni jambo la wakubwa wa Kinshasa, la mawakili na la wabunge. Mkulima ambaye mihogo yake yaoza shambani kwa kukosa barabara, mama auzaye samaki sokoni, mwalimu angojaye mshahara, wote husema: «Mambo ya katiba yatuhusu nini?» Yawahusu sana. Katiba ndiyo isemayo ya kuwa polisi hawawezi kumweka mtu kizuizini zaidi ya saa 48 bila kumfikisha mbele ya sheria. Katiba ndiyo isemayo nani aweza kumwondoa gavana wa jimbo, nani awe juu ya mahakimu, na mkubwa wa nchi akae katika kiti miaka mingapi. Neno moja likibadilika katika kitabu kile, mambo hubadilika mpaka kijijini.

Mwezi wa Oktoba 2024, huko Kisangani, Rais Tshisekedi alitangaza nia ya kuweka tume ya kutengeneza katiba ifaayo hali ya nchi. Tangu siku hiyo watu wamebishana sana. Wengine wameunga mkono, wengine wamekataa, na mara nyingi kila mmoja hutazama kwanza chama chake au kabila lake. Sisi twataka kuuliza swali la haki, si la chama: Je, ni halali kubadili katiba? Na kama ni halali, mpaka wake ni wapi?

1. Sheria ya watu si Amri ya Mungu

Tuanze na jambo lililo wazi. Amri za Mungu hazibadiliki. Kumwua asiye na kosa kulikuwa dhambi wakati wa Kaini, nako ni dhambi leo. Hakuna bunge liwezalo kukufanya kuwa halali. Lakini sheria zitungwazo na watu ni kazi ya akili ya watu, na akili ya watu hujifunza polepole. Tena hali ya watu hugeuka. Sheria iliyofaa jana yaweza kuleta madhara leo.

Maandiko Matakatifu yatuonyesha hatari ya sheria ya watu isiyoweza kubadilishwa. Katika kitabu cha Danieli twasoma habari za mfalme Dario. Wakubwa wenye wivu walimshawishi atie sahihi amri ya kukataza watu wasimwombe mungu wala mtu yeyote kwa siku 30, isipokuwa mfalme peke yake. Danieli akaendelea kumwomba Mungu wake. Mfalme alimpenda Danieli, akajitahidi mpaka jua kuchwa apate kumwokoa, asiweze. Maana sheria ya Wamedi na Waajemi haikuruhusiwa kubadilishwa. Basi Danieli akatupwa katika tundu la simba. Mfalme mwenyewe alikuwa mfungwa wa karatasi yake!

Huko Marekani, katiba iliyoandikwa mwaka 1787 iliacha utumwa uendelee. Ilipobadilishwa mwaka 1865 kwa marekebisho ya 13, utumwa ulikatazwa katika nchi yote, isipokuwa kama adhabu ya mkosaji aliyehukumiwa. Nani atasema ya kuwa badiliko lile lilikuwa kosa? Basi, kubadili katiba si dhambi kwa jina lake. Pengine ni wajibu.

Lakini Mtakatifu Tomaso wa Akwino, aliyelipima swali hili katika karne ya 13, aliongeza neno la busara. Alifundisha ya kuwa sheria hupata nguvu kwa mazoea ya watu. Kila mara sheria ibadilishwapo, hata kwa wema, mazoea yale huvunjika na nguvu ya sheria hupungua. Kwa hiyo haitoshi kusema: «Sheria mpya ni nzuri kidogo kuliko ya zamani.» Yapasa faida ya watu wote iwe kubwa kupita hasara ya kubadili, au sheria ya zamani iwe na udhalimu ulio wazi.

2. Mambo tuliyoyaona katika nchi yetu

Sisi Wakongo tumekuwa na katiba nyingi. Sheria ya Msingi ya tarehe 19 Mei 1960 ilipitishwa na bunge la Ubelgiji. Katiba ya Luluabourg ilifuata mwaka 1964, nayo haikudumu, maana mwaka 1965 Mobutu alitwaa utawala kwa nguvu za jeshi. Katiba ya mwaka 1967 ilikubaliwa kwa kura ya wananchi, ile iitwayo referendumu.

Tuangalie vizuri katiba hiyo ya 1967, maana inafundisha. Ilisema ya kuwa vyama visizidi viwili. Hata hivi mlango mdogo ulibaki. Lakini Desemba 1970 ilirekebishwa, na chama cha MPR kikafanywa chama cha pekee. Agosti 1974 ilirekebishwa tena: MPR ikawa taasisi ya pekee ya nchi, na mwenyekiti wake akawa Rais wa nchi bila neno lingine. Yeye alisimama juu ya serikali, juu ya bunge, juu ya mahakimu.

Taabu haikuchelewa kufika parokiani. Mwaka 1972 majina ya ubatizo yalikatazwa, na Kardinali Malula akalazimika kukaa Roma kwa muda. Mwaka 1973 magazeti ya dini yalifungwa. Mwaka 1974 Noeli iliondolewa katika sikukuu za serikali, na shule za misioni zikatwaliwa na dola mwishoni mwa mwaka ule. Hatusemi ya kuwa kila jambo lilitoka katika kifungu kimoja cha katiba. Twasema hivi: ua lilipokwisha kubomolewa, hakuna kitu kilichoweza kumzuia mwenye nguvu. Mzazi aliyemtaka mwanawe aitwe Yosefu hakuwa na hakimu wa kumwendea.

Watu walichoka. Mwaka 1990 mlango wa vyama vingi ulifunguliwa, kisha ukaja ule Mkutano Mkuu wa Taifa ulioongozwa na Askofu Mkuu Laurent Monsengwo. Mkutano ulipofungwa na serikali, wakristu wa Kinshasa waliandamana tarehe 16 Februari 1992 wakidai ufunguliwe tena, wakiwa na rozari na misalaba mikononi, na wengine wakauawa. Baadaye vita vikaja. Mwishowe, tarehe 18 na 19 Desemba 2005, watu walipiga kura juu ya katiba mpya, na zaidi ya 8 katika kila 10 wakasema ndiyo. Ilitangazwa tarehe 18 Februari 2006.

Katiba hii nayo imekwisha rekebishwa. Tarehe 20 Januari 2011 vifungu 8 viligeuzwa. Zamani mtu hakuweza kuwa Rais asipopata zaidi ya nusu ya kura. Ndiyo sababu mwaka 2006 watu walipiga kura mara mbili. Tangu 2011 ni mara moja tu, na aliye mbele ya wenzake ashinda, hata kama nusu hakuifikia. Sababu iliyotolewa ilikuwa gharama, nayo kwa kweli si ndogo katika nchi kubwa kama yetu. Lakini tutazame matunda: mwaka 2018 aliyetangazwa mshindi alikuwa na kura zisizofika 39 kwa mia. Watu wengi kuliko nusu walikuwa wamechagua wengine. Tena marekebisho yale yalimpa Rais uwezo wa kuvunja baraza la jimbo na kumwondoa gavana wakati wa matata makubwa, na waendesha mashtaka, wale wa «parquet», wakaondolewa katika hesabu ya mamlaka ya mahakimu. Haya yote yalifanyika kwa muda mfupi, na wananchi hawakuulizwa kwa kura.

3. Mlango uliofungwa kwa ufunguo

Katiba ya 2006 ina kifungu cha 220. Chasema ya kuwa kuna mambo yasiyoweza kurekebishwa: namna ya jamhuri, kura ya watu wote, vyama vingi na sendika, uhuru wa mahakimu, hesabu ya vipindi vya Rais na urefu wake. Tena chakataza kabisa badiliko lolote la kupunguza haki za mtu au uwezo wa majimbo.

Hapa kijana mwenye akili aweza kuuliza: «Mwaka 2005 mimi sikuwa nimezaliwa. Kwa haki gani wazee wale wanifunge mikono? Ninyi wenyewe mmesema ya kuwa sheria ya Dario ilikuwa mbaya kwa sababu haikubadilika.»

Swali hili ni la kweli, lisidharauliwe. Wengine hujibu kwa mfano wa ahadi: mtu mwenye akili timamu hujifunga mwenyewe kwa ajili ya siku ya majaribu. Mlevi anayetaka kuacha pombe humpa mkewe mshahara aufiche. Kesho akidai fedha kwa matusi, mke asimpe, maana amtii mume wa jana aliyekuwa na akili. Mfano huu ni mzuri, lakini hautoshi. Mlevi alijifunga mwenyewe. Kijana wetu alifungwa na wengine.

Jibu la nguvu ni hili: tutazame kile kinachofungiwa ndani. Sheria ya Dario ilifunga kinywa cha watu. Kifungu cha 220 kinafunga mkono wa yule atakaye kuziba kinywa cha watu. Kura, vyama, mahakimu, kiti kinachoachwa kwa wakati wake: hivi ndivyo vyombo ambavyo kijana yule atavitumia kusema neno lake. Wazee hawakumwambia afikiri nini. Walimwekea ufunguo, asije mtu akamwibia sauti kabla hajaitumia. Na haki za mtu hazikutoka kwa wazee wale wala kwa bunge. Baba Mtakatifu Yoane XXIII alifundisha mwaka 1963, katika barua yake Pacem in Terris, ya kuwa haki hizo zatokana na umbo lenyewe la mtu aliyeumbwa na Mungu. Katiba yazitambua tu. Haizigawi kama zawadi.

4. Maneno ya wengine

Wengine husema: «Wageni waliiandika katiba hii.» Ni kweli, wageni walishauri. Lakini wananchi waliikubali kwa kura. Kama kuna kifungu kibaya, kionyeshwe ubaya wake. Dawa haikataliwi kwa kuwa mganga ametoka mbali. Yakataliwa ikiwa haiponyi.

Wengine husema: «Watu ni wakubwa kuliko karatasi. Tuwaulize kwa referendumu, nao waweza yote.» Hatukubali neno hilo «yote». Watu wengi wakikubaliana kumdhulumu mtu mmoja, udhalimu haugeuki kuwa haki. Tumeona pia ya kuwa referendumu ya 1967 haikuwakinga watu na yaliyofuata.

Wengine husema: «Hatutarekebisha, tutaandika nyingine mpya, na kifungu cha 220 hakitatuzuia.» Mawakili wabishane juu ya hilo. Lakini dhamiri ya mkristu yajua tofauti kati ya kuingia mlangoni na kuingia dirishani. Ahadi ni deni, na mwenye deni hasafishwi kwa kuchana daftari.

5. Alama tatu za badiliko la haki

Basi, mkristu atapimaje? Twatoa alama tatu.

Ya kwanza: anayebadili asijipatie faida mwenyewe. Wazee husema kesi ya nyani asipelekewe ngedere. Mkubwa akiongeza urefu wa kipindi, na aanze na wale watakaomfuata. Hapo tutajua ya kuwa atafuta faida ya nchi.

Ya pili: badiliko lifanyike wakati wa amani. Katiba yenyewe, katika kifungu cha 219, yakataza marekebisho wakati wa vita na wakati wa «état de siège». Tangu Mei 2021 hali hiyo ilitangazwa katika Ituri na Kivu ya Kaskazini. Mwaka 2025 Goma na Bukavu zilitwaliwa na M23. Katika uchaguzi wa Desemba 2023 watu wa Masisi, Rutshuru na Kwamouth hawakupiga kura kwa kukosa usalama. Mtu aliye chini ya hema la wakimbizi ataulizwaje? Na nyumba haigawiwi urithi wakati ndugu wengine wako porini wanakimbia risasi.

Ya tatu: mnyonge asipunguziwe. Kila badiliko lipimwe kwa mtu mdogo: mfungwa, mjane, jimbo la mbali, chama kilichoshindwa. Kama baada ya badiliko wana ulinzi mwingi zaidi, ni jema. Kama wana ulinzi mchache zaidi, ni baya, hata likipigiwa makofi.

Katika kitabu cha Kumbukumbu la Torati, Mungu aliagiza ya kuwa mfalme wa Israeli ajiandikie nakala ya sheria, aisome siku zote za maisha yake, moyo wake usije ukajiinua juu ya ndugu zake. Mungu hakumwachia mfalme awe juu ya sheria. Alimweka chini yake pamoja na ndugu zake.

Na sisi je, tumeisoma katiba yetu? Kifungu cha 45 chaamuru wakubwa waieneze na kuifundisha. Tusiwangoje. Katika jumuiya zetu ndogo za kikristu, yupo mara nyingi mtu ajuaye Kifaransa aliye tayari kuwasomea wengine na kuwafasiria kwa Kiswahili. Tuanze na vifungu vya haki za mtu, kisha kile cha 70 juu ya muda wa Rais, kisha hivi vya 218 mpaka 220. Asiyejua kilichoandikwa hawezi kujua kilichofutwa. Na siku tutakapoulizwa, tujibu kwa dhamiri, pasipo kununuliwa kwa fulana wala kwa sukari, pasipo matusi wala mawe. Mungu awape wakubwa wetu hekima, nasi atupe ujasiri.