Ardhi ni Amana

Ewe msomaji, ikiwa mtu amewekewa amana na jirani yake aliyesafiri, naye akaiuza, je, bei nzuri aliyopata itamtoa katika khiana? Hapana shaka utajibu: haitamtoa. Basi na tuzipime kwa mizani hiyo hiyo ardhi zetu za Kilwa.

Mwaka 1905 Wamatumbi wa Nandete waling'oa pamba ya serikali ya Kijerumani, na huo ndio ukawa mwanzo wa vita vya Maji Maji. Wao walilazimishwa kwa kiboko. Sisi tulishawishiwa kwa ahadi. Kabla ya mwaka 2010, kampuni moja ya Uholanzi ilipewa hekta zipatazo 34,000 za vijiji vinne, kikiwamo Mavuji, ili ipande mbono kaburi wa kutoa mafuta. Mikutano ya vijiji iliridhia. Mwaka 2010 kampuni ikafilisika. Hapo watu wakatanabahi kwamba ardhi ikishatolewa kijijini na kufanywa ardhi ya jumla, hairejei yenyewe kwa sababu aliyeichukua amefilisika.

Mgeni ana lawama yake. Lakini na aliyenyoosha mkono bila ya kuuliza ana yake. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 yenyewe imeiweka halmashauri ya kijiji mahali pa mdhamini, na mdhamini si mwenye mali. Na Mtume (S.A.W.) ametufundisha kuwa watu ni washirika katika maji na malisho, basi mwenye kuuza msitu unaohifadhi maji ameuza na fungu la mwenzake.

Atasema mtu: njaa haina subira. Ni kweli. Lakini watu wa Kikole na Kisangi, katika wilaya hiyo hiyo, nao si matajiri. Waliweka mipaka ya msitu wao kwa sheria, wakahesabu miti, wakawa wanauza kwa kiasi, na mwaka 2009 wakapata cheti cha kimataifa cha utunzaji wa misitu. Mpingo hukua polepole mno. Anayeukata leo anakula akiba ya babu yake, na hana budi kumwachia mjukuu.

Basi mkutano ukiitwa, usinyooshe mkono mpaka uulize: ni kwa muda gani? Ardhi itarudi kwa nani? Maji yatakuwa ya nani? Na ukumbuke kuwa wako wenye haki wasioweza kuhudhuria: walio makaburini, na walio bado matumboni mwa mama zao. Hao ndio jirani aliyesafiri.

Wabillahi tawfiq.