Imani yangu na mutoto wa jirani



Mama mumoja wa hapa Kamalondo aliniuliza nyuma ya ibada: «Shemasi, kama Mungu ndiye muponyaji, juu ya nini niache watu wa vaksini waingie katika lupango yangu? Si kukosa imani?» Sikumujibu upesi. Mimi mwenyewe zamani niliwafungia mulango watu wale wa poliyo, na watoto wangu hawakupata neno. Nikashuhudia mbele ya kanisa kama maombi yametulinda.

Leo ushuhuda ule unanisumbua. Virusi vya poliyo vinatoka na mavi ya mutoto, vinaingia kinywani kwa mikono na maji machafu. Katika watu 200 wanaovipata, karibu mumoja tu ndiye anapooza. Wengi hawasikii hata homa. Basi mutoto wangu angeweza kuvibeba huku akicheza vizuri, akavipeleka kwa jirani. Mimi ninaimba haleluya, jirani anabeba mutoto wake mugongoni. Na dawa ya kurudisha muguu uliopooza haiko.

Wengine wanasema vaksini yenyewe inaleta poliyo. Neno hili si uongo wote, na anayelificha hatusaidii. Poliyo ya asili ilionekana mara ya mwisho katika Kongo mwaka 2011. Lakini mwaka 2017 watoto walipooza kule Haut-Lomami, kisha hata katika Haut-Katanga yetu, kwa virusi vilivyotoka katika matone ya vaksini. Vilikuwa dhaifu, vilipita muda murefu kwa watoto wengi wasiochanjwa, vikarudiwa na nguvu. Pahali karibu watoto wote wamechanjwa, havipati njia. Sisi tuliofunga milango ndio tuliovifungulia.

Mwaka 1999, inchi ikiwa katika vita, wapiganaji walisimamisha mapigano ili watoto wapate matone. Mutu wa bunduki aliona, shemasi hakuona!

Katika Marko sura ya 2, watu wane walimubeba mwenye kupooza wakatoboa dari. Imani yao ilikuwa muzigo juu ya mabega yao wenyewe. Yangu niliibebesha watoto wa wengine.

Nikamwambia yule mama: omba, kisha umutoe mutoto apewe matone. Akaniuliza kama nitasema hayo mbele ya wote waliosikia ushuhuda wangu. Ndiyo maana ninaandika.