Ilimba Imevuka Bahari

Jirani na soko la mahindi la Kibaigwa kuna kibanda cha gemu. Vijana hubanana kwenye benchi wakisubiri zamu. Anayefungwa anaachia padi. Huyu ni Barcelona, yule Arsenal, na kelele zao zinashindana na malori ya barabara ya Dodoma. Mjapani humwoni popote kwenye kioo, ingawa mashine ni PlayStation ya Sony na mpira wenyewe ni wa Konami, kampuni ya Tokyo. Soka ni la Waingereza. Wajapani walikaa wakalisoma, wakaiuzia dunia upya.

Wazee wa wilaya yetu ya Kongwa husema gemu zinawasahaulisha watoto mila. Huenda. Ila hao hao Wajapani walizifuata mila zetu wakati sisi tumezipa kisogo.

Hukwe Zawose, mpiga ilimba, Mgogo wa kijiji cha Doduma, alikuwa mwalimu wa Chuo cha Sanaa Bagamoyo mpaka jina lake likatoka nje ya mipaka. Kampuni ya JVC ya Japani ilimtolea albamu nzima ya ilimba na zeze. Sakaki Mango, Mjapani, alikuja kujifunza kwake. Zawose alifariki mwaka 2003, na mwanafunzi huyo bado anapiga ilimba kwao, akiimba kwa lahaja ya Kagoshima.

Na ilimba hujifunzi kwa kutazama tu. Lile sanduku la mbao lenye safu za vyuma lina matundu yanayozibwa kwa utando wa buibui, ndio unaoipa sauti ule mvumo wa nyuki. Utando ukichanika, ilimba inalia kama bati. Siri kama hiyo huipati mpaka ukae na mzee, ukosee, akukaripie, urudie.

Kwetu, kijana anayeshinda kwa mzee wa ilimba huambiwa hana kazi. Anayeshinda kwenye padi tunasema ndio ujana. Sikatai padi, hata mimi nimewahi kufungwa mabao ya aibu pale, tena na mtoto wa darasa la tano.

Nilimwomba mwenye kibanda atenge saa moja siku ya mnada, mzee mmoja aje na ilimba yake, vijana wajaribu. Akacheka. "Mzee wangu, hiyo saa nani atailipia?"

Nikamwambia aandike kwenye daftari la madeni, jina langu analo tayari.