Je, Yafaa Kutamani Daraja la Uchawi?



Katika hadithi za mataifa mengi imo nchi ambayo nyumba, barabara na madaraja yake hayajengwi kwa mikono. Mtu hutamka neno, au husugua taa, na kesho yake asubuhi jengo limesimama. Watoto wa shule hupenda sana hadithi hizo, na wakubwa vilevile, hasa wale waliobeba mawe tangu alfajiri. Basi tujiulize: mtu akipewa uwezo wa namna hiyo, je, ni vema autumie? Swali hili si mchezo, kwa maana lahusu kazi ya mikono yetu na haki tunayodaiwa na wenzetu.

Tutazame kwanza hadithi ya Aladini. Kijana huyo alikuwa maskini, akapata taa yenye jini, na jini akamjengea jumba la fahari kwa usiku mmoja. Ukumbi wake ulikuwa na madirisha 24 yaliyopambwa kwa vito, lakini moja liliachwa kwa makusudi pasipo kumalizika. Sultani akawaita masonara wake walimalize. Wakafanya kazi siku nyingi, wakatumia vito vyake vyote, wala hawakufika nusu. Baadaye mchawi mmoja akaipata taa kwa hila, na jumba zima likahamishwa mpaka Afrika, pamoja na binti Sultani aliyekuwa ndani.

Hadithi hii yatufundisha jambo. Kitu ambacho hakuna mtu aliyejifunza kukijenga, hakuna mtu awezaye kukitengeneza. Tena kilicholetwa kwa neno la mmoja huondolewa kwa neno la mwingine. Sivyo lilivyo daraja la miti juu ya kijito chetu. Mvua ikichukua boriti mbili, wazee wajua ni mti gani usiooza upesi majini, na vijana wajua namna ya kufunga kamba. Daraja limevunjika, lakini ujuzi haukuvunjika.

Hadithi ya pili yatoka Uswisi, nchi ya milima mirefu. Huko mto Reuss wapita kwa nguvu katika korongo la Schöllenen, na juu yake pana daraja liitwalo Daraja la Shetani. Wenyeji husimulia kwamba watu walishindwa kulijenga, ndipo Shetani akajitolea kulijenga yeye, kwa sharti apewe roho ya kwanza itakayovuka. Daraja lilipokwisha, watu wakamtanguliza mbuzi. Shetani akakasirika, akachukua jiwe kubwa alibomoe daraja. Lakini mwanamke mzee akachora msalaba juu ya jiwe, naye akashindwa.

Kweli yenyewe ni nyingine. Daraja la zamani lilikuwa la mti, na mwaka 1595 likajengwa la mawe. Waashi walichonga mawe hayo juu ya maji makali, katika baridi na hatari. Watu wakastaajabia kazi yao, hata wakampa Shetani sifa iliyokuwa haki ya waashi. Jiwe la hadithi lingalipo. Uzito wake wapata tani 220. Mwaka 1977 lilisogezwa mita 127 kupisha barabara mpya, wala pasipo neno la uchawi: watu walilisogeza kwa akili na mitambo.

Tuangalie sana sharti lile la Shetani. Yeye ajengaye kwa uchawi hasemi kwamba daraja ni la bure. Asema tu kwamba atalipa mwingine, yule atakayevuka kwanza bila kujua. Katika nchi nyingi watu hunong'onezana kwamba daraja kubwa halisimami mpaka mto upewe mtu. Basi fundi akianguka na kufa, husema, “Mto umechukua haki yake.” Maneno hayo ni mabaya. Mto hauna haki juu ya mtu. Yafaa kuuliza: Ni nani aliyefunga kamba ile? Kwa nini ilikuwa imeoza? Asemaye uchawi amefunga mlango wa maswali, na mwenye kosa aenda zake.

Wala tusidhani kwamba hayo ni ya Ulaya au ya hadithi tu. Tangu mwaka 1879, Stanley, mtumishi wa mfalme Leopold II, alifungua njia kando ya maporomoko ya mto Kongo, upande wa chini. Akaitwa Bula Matari, maana yake mvunja mawe, na baadaye serikali yenyewe ikaitwa jina hilo. Jina likabaki kwa mtu mmoja, lakini mikono iliyoshika nyundo ilikuwa ya wengi. Kisha, tangu 1890 hata 1898, ikajengwa reli kutoka Matadi mpaka Léopoldville, iitwayo sasa Kinshasa. Hesabu rasmi ilitaja wafu 1,932, na wengi waamini kwamba hesabu hiyo ni pungufu. Abiria aliyeketi katika gari la moshi aliona mlima umepasuliwa, kana kwamba kwa uchawi. Hakuwaona waliolala chini kando ya njia.

Labda mmoja wenu atasema: “Kama ni hivyo, heri uchawi! Ungaliwaokoa watu wale.” Neno hili lina uzito, wala tusilidharau. Maumivu si mema kwa kuwa ni maumivu, na mtu apunguzaye mzigo wa mwenziwe atenda mema. Ndiyo maana gurudumu, nyenzo na mashine ni vitu vya kusifiwa. Lakini mashine yaweza kuhesabiwa: twajua imetengenezwa na nani, yala mafuta kiasi gani, na ikiharibika yafunguliwa. Uchawi wa hadithi hauna hesabu, nao umependwa kwa sababu hiyo hasa. Tena ubaya wa reli ile haukuwa jasho. Ubaya ulikuwa kwamba jasho na uhai wa watu vilichukuliwa kama vitu visivyo na bei. Aliyetaka kupata njia pasipo kuwatazama walioijenga alikuwa na moyo uleule wa mwenye taa.

Basi jibu letu ni hili. Kutamani kazi iwe nyepesi si kosa. Kosa ni kutamani kitu kisicho na mlipaji, kwa maana mlipaji yuko siku zote, na mara nyingi ndiye mnyonge kuliko wote.

Siku ya salongo, mtakapoitwa kutengeneza barabara au daraja, kila mtu ajiulize maswali mawili. La kwanza: Ni nani alipaye kazi hii, naye amekubali? La pili: Likivunjika, ni nani kati yetu atakayejua kulijenga tena? Wafundisheni watoto kufunga kamba, na majina ya waliojenga mbele yenu yatajeni wakiwa wanasikia.