Dirisha Lililohifadhi Jana

Je, ni dhambi kutamani kumwona tena mpendwa aliyefariki? Wafiwa wengi hujiuliza swali hili kimya kimya, hasa baada ya matanga kuanuliwa na ndugu kurudi makwao. Mwaka 1966 mwandishi wa Ireland ya Kaskazini, Bob Shaw, alitunga hadithi fupi iitwayo "Light of Other Days". Haikuandikwa kwa ajili ya kanisa, lakini inaligusa swali hili pale linapouma.

Katika ulimwengu aliouwaza Shaw kuna kioo cha ajabu. Mwanga ukiingia upande mmoja huchukua miaka mingi kutokea upande wa pili. Kioo cha miaka 10 husimamishwa mbele ya ziwa na milima kwa miaka 10, kisha huuzwa kwa watu wa mjini. Wakikipachika ukutani, chumba kilichotazamana na ukuta wa jirani hupata dirisha lenye ziwa, milima na mawingu yanayopita. Yote hayo yalikwisha kupita, lakini macho huyaona kana kwamba yanatokea sasa hivi. Hata sisi tunaonja kidogo jambo hili, kwa maana mwanga wa jua hutumia dakika 8 hivi kutufikia. Jua tunaloliona ni la dakika 8 zilizopita.

Hadithi inawafuata mume na mke wanaosafiri katika milima ya Uskoti. Mke ana mimba ambayo hawakuipanga, na nyumba yao imejaa maneno makali. Wanafika kwa muuzaji wa vioo hivyo, Bwana Hagan, aliyeketi nje akiitazama nyumba yake. Dirishani wanamwona mama kijana na mtoto wake mdogo. Mama huyo haonyeshi dalili yoyote ya kuwaona wageni. Mvua inapoanza, mke yule anafungua mlango ili arudishe ndani blanketi walilopewa kukalia. Ndani hamna mtu. Chumba ni kichafu, cha mwanamume anayeishi peke yake. Mke na mtoto wa Hagan waligongwa na gari wakafa miaka 6 iliyopita. Dirisha lile ni kioo cha polepole, na baba huyu huketi nje akiwatazama.

Ndugu msomaji, tusifanye haraka kumhukumu. Bwana wetu alimlilia Lazaro, ingawa alijua atakalotenda muda mfupi baadaye. Machozi ya mfiwa hayamaanishi kwamba imani yake imekufa. Kumwambia mtu wa namna hii "jikaze" ni kumwongezea mzigo.

Lakini tuangalie pia kioo kile kimempa nini. Mkewe anaonekana, ila hamsikii akimwita. Mtoto anacheza, ila hawezi kumkimbilia baba yake. Na ili awaone, Hagan hulazimika kukaa nje ya nyumba yake mwenyewe, huku ndani kukiwa hakuna anayefagia. Tena kioo kina kikomo. Siku itafika ambapo picha ya mwisho itapita, naye atafiwa mara ya pili.

Shaw aliendelea kukiwazia kioo hiki. Katika hadithi ya mwaka 1967, "Burden of Proof", hakimu amekwisha kumhukumu mtu kifo, na kioo kilichokuwapo mahali pa uhalifu kitaonyesha ukweli miaka kadhaa baadaye. Katika kitabu chake cha mwaka 1972, kioo kinageuzwa kuwa chombo cha kuwapeleleza watu, hata siri isipatikane tena. Ukizipima habari hizo zote, unaona jambo moja. Kioo kinaweza kumwonyesha hakimu kosa lake, lakini hakiwezi kumsamehe. Kinaweza kumwonyesha Hagan mkewe, lakini hakiwezi kumfufua. Kusamehe yaliyopita na kuwainua waliokufa ni kazi za Mungu peke yake.

Mfalme Daudi alifunga na kulala chini mtoto wake alipougua. Mtoto alipokufa aliinuka, akanawa, akaingia nyumbani mwa Bwana, kisha akala. Alikiri kwamba yeye ndiye atakayemwendea mtoto, na mtoto hatarudi kwake. Baadaye alimwendea Bathsheba, mama wa mtoto, akamfariji. Naye Maria Magdalene, alipomtambua Bwana bustanini, aliambiwa asimshike, bali aende kwa ndugu na kuwapa habari. Wote wawili walipenda kweli, na upendo huo uliwapeleka kwa watu walio hai.

Leo simu zetu zimekuwa vioo vya namna hiyo. Humo mna sauti ya mama ikitusalimu na video ya kaka akicheka harusini. Hakuna sababu ya kuzifuta. Jipime tu hivi: ukiisha kutazama, unainuka kwenda wapi? Wale mume na mke wa Uskoti walitazama dirisha lile mara moja, wakaondoka wameshikana, ugomvi wao umeyeyuka. Waliona kwamba mtu uliye naye leo ndiye utakayemtamani kesho. Hivyo ndivyo kumbukumbu inavyoweza kuponya.

Hata Meza ya Bwana ni kumbukumbu, na tunaifanya mpaka ajapo. Inatazama nyuma msalabani na mbele kwenye ujio wake, na tunaishiriki pamoja, hakuna anayeachwa ukutani peke yake. Basi, katika jumuiya yako kuna Hagan. Matanga yake yaliisha zamani na hakuna anayempigia hodi. Nenda ukakae naye nje kidogo, mtazame dirisha lake pamoja. Kisha mwombe muingie ndani, mfagie, mpike chai.