Vifungo vya Baba

Baba alikuwa anatumia dakika kumi na moja kufunga vifungo saba vya shati. Najua kwa sababu nilimhesabia, na huko kumhesabia ndiko kunakonisumbua. Nilisimama mlangoni nikiangalia saa ya simu, bajaji ikitungoja nje, tuwahi gari la Mikumi kwenda kliniki. Alipofika kifungo cha nne nikashindwa kuvumilia. Nikaingia, nikamfunga vilivyobaki kwa sekunde chache. Hakusema kitu. Njia nzima alikuwa akitazama miwa dirishani.

Kwetu ni Ruaha, ng'ambo ya mto iliyo upande wa Kilosa, kwenye kiwanda cha sukari ambacho watu hukiita K2. Baba alifanya kazi hapo mpaka alipostaafu. Mikono yake ilizoea kufungua nati zilizokaza. Kisha kiharusi kikauchukua mkono wa kulia, na kumbe shati la kiume limeshonwa kwa kudhani mkono wa kulia upo: vifungo vimekaa kulia, matundu kushoto. Nguo za kike zimegeuzwa. Nilipomweleza hilo akacheka, akasema basi atavaa blauzi za marehemu mama.

Nilianza kusoma habari za vifungo kama mtu anayesomea mtihani. Nilidhani zipu ingetuokoa. Zipu tunayoitumia leo aliikamilisha Gideon Sundback, Mswidi aliyehamia Marekani, na hataza yake ilitoka mwaka 1917. Ni kitu cha ajabu, lakini zipu ya jaketi inataka mikono miwili pale chini inapoanzia, mmoja ushike na mwingine uingize. Jaribu kwa mkono mmoja utaona.

Ikabaki velkro, ule utepe wa kunata wa kwenye viatu vya watoto. Mwaka 1941 Mswisi mmoja, George de Mestral, alirudi kutoka matembezini na mbwa wake, akakuta vitunda vya magugu vimeng'ang'ania suruali. Akavitazama kwa hadubini na kuona vindoano. Mtoto yeyote wa Ruaha aliyekatiza shambani kwenda shule anayajua magugu ya namna hiyo. Yetu tunayaita kishonanguo. Jina tulikuwa nalo, kiwanda ndicho hatukukijenga.

Fundi wetu, anayeshonea kibarazani karibu na stendi, akanipa wazo. Tukate vifungo, tuweke velkro ndani, kisha vifungo vilevile tuvishone juu ya matundu yaliyozibwa. Kwa nje ni shati kamili. Nilifurahi sana. Nilijiambia nalinda utu wa baba.

Akalipokea shati, akalivuta kwa mkono wa kushoto. Likafunguka kwa mlio kama wa karatasi inayochanwa.

“Sasa hivi vifungo vya juu vinamdanganya nani?”

“Watu, baba.”

“Watu ndio wanaonivalisha?”

Sikuwa na jibu. Nimelitafuta tangu siku hiyo. Nilikuwa nimeuweka utu wake machoni pa watu wa kanisani, halafu nikaushonea pazia. Lakini ukiutoa huko, unauweka wapi? Tukisema uko katika kujifanyia mambo mwenyewe, mtoto mchanga hana utu, na mgonjwa asiyeweza kugeuka kitandani ameupoteza. Hilo siliamini. Tena nilijaribu njia hiyo pia. Wiki mbili nilikaa sebuleni, sikumgusa, nikijisifu moyoni kwamba namheshimu. Asubuhi moja nikasikia kiti kimeanguka. Nilimkuta ameketi sakafuni, shati limefungwa upande, tundu la tatu kwenye kifungo cha pili. Heshima yangu ilimwacha peke yake na shati.

“Nimehukumiwa vifungo saba, mwanangu,” akasema. “Na wewe umekuwa askari jela. Siku nyingine unanifunga, siku nyingine unanichungulia.”

Nilimwinua, nikatengeneza kiti. Akafungua vyote, akaanza upya. Nilikaa kitandani kando yake, bila simu. Alipofika juu akanyanyua kidevu.

“Hicho cha kola nifunge wewe.”

Kisha akaniambia jambo ambalo sikulijua: kile cha kola mama ndiye aliyekuwa akimfunga, kila Jumapili, miaka yote ambayo mikono yake ilikuwa mizima. Alikuwa anaweza kukifunga. Hakutaka tu.

Nilikuwa nimehangaikia kitu ambacho baba anaweza na kitu ambacho hawezi, kana kwamba kusaidiwa huanza pale nguvu zinapoisha. Sikuwahi kumuuliza ni vipi anavitaka vyake na ni vipi anavitoa. Kusema kweli, hata sasa asubuhi nyingine naona ninakisia, na ninakosea.

Fundi alishona vifungo vya mikononi kwa uzi wa lastiki, ili kiganja kipite bila kufungua. Hilo baba alilikubali mara moja, na akamwongezea hela. Lile la velkro hakulitupa. Hulivaa siku za kliniki, kwa sababu anasema manesi wana wagonjwa wengi na si haki kuwachelewesha. Jumapili ni la vifungo saba. Mimi nimesogeza alamu nusu saa nyuma.